Vibao vya gemu vimefungiwa kabatini, watoto wa Maretadu wanacheza kwa maharage

Saa moja kasoro asubuhi, ukungu bado umelala juu ya mashamba ya Maretadu. Ndani ya kibanda cha mabati kando ya barabara, Genoveva Qamara anasugua tundu la chaji la simu ya mteja kwa mswaki mkuukuu. Miguuni pake, juu ya gunia, wasichana wawili wameinamia kipande cha boksi.

Boksi limechorwa mistari kwa mkaa, vyumba vitano kwenda na vitano kushuka. Katikati imewekwa punje ya haragwe. Pembeni iko punje ya mahindi. Haragwe ni ndama, mahindi ni fisi.

Judith, mwenye miaka kumi na mitatu, anasoma amri kutoka kwenye karatasi iliyochanwa daftarini. Kitufe cha kulia kikibonyezwa, ndama asogee chumba kimoja kulia. Mwenzake, Loveness, mwenye miaka kumi na miwili, anabonyeza hewa kwa kidole gumba na kusogeza haragwe. Anabonyeza tena, anasogeza tena. Mara ya tatu haragwe linavuka mstari wa mwisho na kudondoka chini kwenye vumbi.

"Ndama wako ameshateremka Bonde la Ufa, yuko ziwani anaogelea na viboko," anasema Judith. "Haya, kamfuate."

Loveness hacheki. Anachukua karatasi, anaandika mstari mmoja katikati ya mingine: kama ndama yuko ukingoni, asisogee. Kisha anaokota haragwe, analipuliza vumbi na kulirudisha mahali pake.

Mtu anayepita barabarani ataona watoto wa likizo wanacheza. Kweli wanacheza. Lakini pia wanaandika programu ya kompyuta, na wanaiandika kwa maharage kwa sababu kompyuta zao zimechukuliwa na watu walewale waliozileta.

Genoveva, mwenye miaka thelathini na mmoja, ni fundi wa redio na simu. Aliishia darasa la saba. Ufundi alifundishwa na mjomba wake huko Dongobesh, kuanzia kazi ya kushika tochi mjomba akiunganisha nyaya. Siku ya kawaida kibanda kinampa shilingi elfu saba au nane, na siku ya mnada kidogo zaidi. Anaishi na mama yake na mtoto wake mmoja, na wana shamba la mahindi na maharage kama kila mtu hapa.

Mwaka jana ulikuja mradi wa kufundisha watoto wa vijijini teknolojia. Walitafuta mtu anayejua kushika waya bila kuogopa, wakaelekezwa kwake. Wakampeleka mjini kwa mafunzo, akarudi na laptopu moja na boksi lenye vibao vinane.

Kitu chenyewe ni kidogo, hakizidi kiganja cha mtoto. Hakina kioo wala herufi za kuchapa. Mbele kina taa nyekundu ndogondogo ishirini na tano, zimepangwa kama vile vyumba vya boksi, na vitufe viwili, kimoja kila upande. Nyuma kinaunganishwa na betri. Amri zinaandikwa kwenye laptopu, zinapitishwa kwa waya hadi kwenye kibao, na zikishaingia zinakaa. Unaweza kuchomoa betri ukakiacha kibao wiki nzima. Ukirudisha betri, gemu inaanza pale pale.

Watoto walianza na gemu za kubahatisha namba, wakazichoka. Loveness ndiye aliyetengeneza ya ndama na fisi. Taa moja inatembea, taa nyingine inaikimbiza, na ndama akifika kona ya zizi taa zote zinawaka. Gemu ya ndama ikapendwa kuliko zote, kila mtoto akataka kuiongezea kitu.

Ukikaa na Genoveva asubuhi moja utajua kwa nini watoto wanamwelewa. Mwanafunzi mpya hukosea palepale kila mara. Anaiamuru taa itazame kama fisi yuko karibu, halafu anashangaa fisi akija baadaye taa haikimbii.

"Umeangalia fisi mara moja ukalala," Genoveva humwambia. "Mchungaji gani huyo? Mwambie arudie kuangalia mpaka jioni."

Basi mtoto anaandika amri ya kurudia, na hasahau tena.

Darasa lilikuwa Jumamosi, saa moja tu, kama mradi ulivyopanga. Lakini hapa kuna jambo ambalo waliopanga hawakuliuliza. Upande huu wa Maretadu nyumba jirani huchanganya ng'ombe na mbuzi wao, na kila nyumba inachunga mifugo ya wote kwa zamu. Zamu ikiangukia Jumamosi, mtoto wa nyumba hiyo yuko malishoni, na darasa linampita. Wengine lilikuwa limeshawapita mara kadhaa.

Patriki, mkulima wa miaka hamsini na minane ambaye ni baba yake Loveness, ndiye aliyetoa wazo. Alifika kibandani kuchaji simu, akamkuta Genoveva analalamika kwamba watoto wa zamu wanabaki nyuma. Akamuuliza kwani vibao vinaogopa nyasi.

Kuanzia hapo vibao vikafuata mifugo. Mtoto mwenye zamu ya kuchunga aliondoka na kibao ndani ya mfuko wa nailoni shingoni, betri zake, penseli na karatasi. Huko malishoni, mbuzi wakishatulia, alicheza gemu za wenzake, akatafuta makosa yake, akaandika amri mpya kwa penseli. Jumamosi iliyofuata Genoveva aliziingiza kwenye laptopu. Vibao vingine vilienda na watoto wa nyumba zilizokuwa zinafuata zamu, wajiandae.

Hakuna aliyesaini popote. Hakuna aliyewaza kusaini. Mifugo ya ukoo mzima inatoka asubuhi mikononi mwa mtoto wa jirani bila karatasi, na jioni kila mtu anahesabu wake zizini. Aliye na zamu anajulikana na wote. Huo ndio ushahidi, na haujawahi kuwaangusha.

Na vibao vilirudi. Kimoja kilirudi kikiwa kimetafunwa waya wa betri, na mbuzi aliyeutafuna alitajwa kwa jina na kwa mwenyewe. Genoveva aliunga waya mwingine, kibao kikatoka zamu kesho yake.

Mwanzoni mwa likizo hii ya Juni gari la mradi lilisimama mbele ya kibanda bila taarifa. Alishuka mratibu, Nikolausi, kijana mwenye kofia yenye nembo, akataka kuona vifaa. Alikuta vibao vitatu mezani. Akauliza vingine viko wapi.

Genoveva alimjibu ukweli wote, kwamba viko zamu, na akamtajia nyumba moja moja. Watoto wakakimbia kuvifuata. Mpaka mchana vibao saba vilikuwa mezani, vimefutwa vumbi, vinawaka. Cha nane alikuwa nacho Loveness, aliyekwenda kwa bibi yake kijijini Tumati na kupangiwa kuchunga mifugo ya bibi siku hizo.

Mratibu aliuliza saini ya Loveness iko wapi. Aliambiwa haipo, ila baba yake huyu hapa, amesimama.

Wazazi waliokuwepo wanasimulia maneno yaliyofuata kwa namna moja. Alisema vifaa vya mamilioni vinatembezwa na mbuzi. Alisema watoto waliletewa vitu vya kujifunzia wamevigeuza vya kuchezea. Kisha, akifunga boksi kwa utepe wa gundi, akasema la mwisho bila hata kumtazama mtu: "Hicho kimoja kimeshauzwa. Msinifanye mtoto."

Patriki alikuwa hatua mbili kutoka kwake.

"Nimechunga ng'ombe za watu tangu sijaota meno ya mbele," anasema Patriki. "Haujapotea hata ukwato. Leo mtu aliyekuja na gari ananiambia binti yangu ameuza kitu cha watoto wenzake. Na hakuniambia mimi. Aliliambia boksi."

Vibao saba na laptopu vikaondoka siku hiyo.

Loveness alirudi Jumapili. Kibao kilikuwa kimeviringishwa kwenye kipande cha kitenge cha bibi yake, kizima, na kwenye karatasi kulikuwa na gemu mpya. Alipoambiwa yaliyosemwa hakulia. Aliuliza kama ni yeye ndiye amesababisha vile saba vichukuliwe. Watu wazima waliokuwa kibandani walitazamana, na kila mmoja akakimbilia kumwambia hapana. Lakini swali alishalibeba kifuani, na bado analo.

Genoveva alimpigia mratibu simu dakika hiyohiyo, akamwambia cha nane kimerudi. Hakuombwa radhi. Aliambiwa akipeleke mjini.

Alikubali. Anasema wazi kwamba alikubali, kwa sababu alifikiri kikionekana kuwa kizima jina la mtoto litasafishika na vile saba vitarudishwa. Alikuwa bado anatafuta siku ya kufunga kibanda alipopigiwa simu na Sada, mwanamke anayeuza vipuri vya simu Dongobesh. Sada alikuwa amepanga bidhaa zake kwenye maonyesho ya siku moja mjini Mbulu.

"Wewe Genoveva, si uliniambia vibao vyako vimefungiwa?" Sada alimuuliza. "Mbona viko huku vimevalishwa nailoni kama sofa la bibi harusi?"

Genoveva alipanda gari la kwanza, kibao cha nane kikiwa kwenye mkoba.

Alichokikuta mezani amekisimulia mara nyingi, na kila akisimulia anaacha kazi iliyo mkononi. Vibao saba vilipangwa juu ya kitambaa cheupe, vimefunikwa nailoni ngumu inayoonyesha ndani. Kando kulikuwa na karatasi imeandikwa USIGUSE. Kimoja kilikuwa kimewekewa betri. Ndani yake ndama alikuwa anatembea, fisi nyuma yake. Hakuna aliyeweza kubonyeza kitufe, kwa hiyo fisi alimkamata ndama, gemu ikaanza upya, akamkamata tena. Asubuhi nzima.

Tukumbuke kwamba kibao hakisahau. Mratibu hakuwa na haja ya kujua gemu ile imetoka wapi. Alichomeka betri tu, kazi ya mtoto wa Maretadu ikawaka mbele ya wageni.

Mgeni mmoja aliuliza nani ametengeneza. Genoveva alikuwa amesimama nyuma ya bega la mgeni huyo. Jibu lilikuwa kwamba ni vijana wa mradi.

Genoveva alisubiri wageni wapungue. Akamsalimia mratibu, akamuuliza kwa nini watoto hawakuletwa. Aliambiwa bajeti ya usafiri haikuwepo, labda mwakani. Akauliza kama Jumamosi vibao vitarudi. Aliambiwa vitakaa kabatini ofisini mpaka utaratibu uandaliwe, na utaratibu huo haukuwa na tarehe. Kisha akaulizwa cha nane kiko wapi.

Aliufungua mkoba akakionyesha. Mratibu akanyoosha mkono.

"Nimekuja nacho na ninarudi nacho," Genoveva alimwambia. "Ukitaka kuuita wizi, njoo uuite mbele ya wazazi."

Sada, aliyekuwa ameacha meza yake ya vipuri akaja kusikiliza, anasema mratibu alibaki na mkono hewani kama mtu anayepima mvua.

Kesho yake ujumbe wa simu ukaingia. Genoveva amepewa mpaka Ijumaa hii kukabidhi kibao. Kisipofika, ataondolewa kwenye mradi na jambo litapelekwa polisi kama wizi wa mali ya mradi.

Mratibu, alipoulizwa kwa simu, hakukana lolote kati ya haya. Alisema yeye ana wakubwa, na kifaa kikipotea yeye ndiye atakayeulizwa. Alisema yapo maeneo ambako vifaa vimepotea kweli na hakuna aliyewajibika. "Kabatini havipotei," alisema. Kuhusu neno la kwamba kibao kimeuzwa, alisema aliongea kama binadamu, alikuwa amechoka na safari.

Uchovu wa safari unaeleweka. Kisichoeleweka ni kwa nini uchovu huo ubebwe na msichana wa miaka kumi na miwili. Wala haieleweki kwa nini vifaa vilivyonunuliwa kwa ajili ya vidole vya watoto viwe salama tu pale ambapo hakuna kidole kinachovifikia.

Genoveva alipoambiwa jibu la mratibu kuhusu kabati, aliweka mswaki chini.

"Hata mbegu ukiifungia ghalani haipotei," alisema. "Inabaki yote. Ila mwaka huo hujalima."

Na anakataa kabisa kwamba kucheza ni kupoteza muda. Anasema mtoto akiambiwa aandike programu ya kujumlisha namba anaandika mara moja anaacha. Akiambiwa amwokoe ndama, anarudi kesho na keshokutwa, na kila akirudi amejifunza amri nyingine. Judith alikuwa hawezi kukaa na hesabu dakika tano. Sasa anabishana na wenzake kuhusu ukingo, kurudia na masharti mpaka mama yake anawafukuza jikoni.

Boksi la maharage lilianza wiki ileile vibao vilipochukuliwa. Mtoto mmoja anakuwa kibao, anatii amri kama ilivyoandikwa, hata kama ni ya kijinga. Mwingine anasoma. Amri ikikosewa, haragwe linaanguka na wote wanaona. Genoveva anasema njia hii inafundisha vizuri kuliko alivyotegemea, na hapo hapo anakasirika tena, kwa sababu anajua itakavyosemwa. Watasema mnaona, wanaweza kujifunza bila vifaa, basi vifaa vikae.

"Haragwe haliwaki," anasema. "Loveness ameandika gemu mbili hajaziona. Unajua kumwandikia mtu barua halafu usijue kama imefika? Ndivyo alivyo."

Gemu mpya ya Loveness, ile aliyorudi nayo kutoka kwa bibi, ina ndama wawili na fisi mmoja. Anayecheza lazima achague amfuate ndama yupi. Kwenye boksi inafanya kazi. Kama itafanya kazi kwenye taa hakuna anayejua, kwa sababu bila laptopu haiwezi kuingia hata kwenye kile kibao kimoja kilichobaki.

Sasa lipo neno moja la zamu ambalo mratibu hakulijua, na huenda angelijua asingesema alichosema. Mnyama akipotea malishoni, halaumiwi mtu kwanza. Nyumba zote zilizo kwenye zamu hutoka na fimbo na tochi, zinatafuta pamoja, hata yule ambaye wake wamerudi wote. Lawama, kama ipo, inangoja mpaka mnyama apatikane au mzoga uonekane. Nyumba isiyotoka kutafuta hutolewa kwenye zamu.

Jumapili iliyopita baada ya ibada wazazi walikaa nje ya kanisa. Genoveva aliwaeleza kuhusu Ijumaa. Alikuwa amejiandaa kwenda peke yake, akikabidhi kibao au akikataa, lakini lolote liwe juu yake. Mzazi mmoja alimuunga mkono, akasema ya ofisini yaachiwe fundi, wao watapata wapi maneno ya kuongea huko.

Patriki alisimama. Alisema mifugo saba imepotea na inajulikana zizi lilipo. Akauliza ni nyumba ipi haitoki.

Hakuna iliyosema haitoki.

Kwa hiyo kesho, Ijumaa, gari la kukodi litaondoka Maretadu alfajiri na mtu mmoja kutoka kila nyumba. Watafuatana na Genoveva hadi ofisini. Wamekubaliana wataingia wote, watasalimia wote, na Patriki ndiye ataanza kuongea. Kibao cha nane kitawekwa mezani mbele ya mratibu na mbele ya mkubwa wake, aliyeahidi kwa simu kuwepo. Watataka vile saba viletwe vikae kando yake, vihesabiwe. Watataka neno la kuuzwa lifutwe kwa mdomo uleule uliolisema, Loveness akiwa anasikia. Kisha wataomba kuondoka navyo vyote nane na laptopu. Kuhusu saini, Genoveva hana ugomvi. Karatasi ikiletwa, kila nyumba itasaini vyote nane, si kimoja kimoja.

Anajua inaweza kushindikana. Anaweza kurudi mikono mitupu, au asirudi siku hiyo. Simu za wateja alizimaliza jana, isipokuwa hii moja iliyo mkononi, na funguo za akiba za kibanda ameshampa mama yake.

"Ninachotaka ni Jumamosi," anasema. "Jumamosi hii hii, Loveness aione gemu yake inawaka. Mengine nitapambana nayo."

Nje, ukungu umeanza kuinuka. Kengele za ng'ombe zinasikika kutoka upande wa juu wa barabara, na mbuzi wa kwanza wanatokea, wakifuatwa na wengine wa nyumba hii na ile, wamechanganyika. Leo ni zamu ya nyumba ya akina Judith.

Judith anasimama na kujipangusa vumbi magotini. Genoveva anafungua droo, anatoa kibao cha nane, anachomeka betri na kuzichomoa kuhakikisha, kisha anakiingiza kwenye mfuko wa nailoni. Mteja aliyekuja kuchukua simu yake anashtuka. Anauliza kama hiki si ndicho kinachotakiwa ofisini kesho, na kama si busara kukifungia leo tu.

Genoveva anamvalisha Judith mfuko shingoni, anaukaza uzi.

"Kesho alfajiri kiwe hapa," anamwambia.

Judith ameshachukua fimbo. Anageuka mlangoni, na usoni mwake hakuna mzaha hata kidogo.

"Kwani fundi, kiliwahi kukosa kurudi?"